Kuongeza wati za hita ya maji: hesabu inaanzia kwenye mita

Mwezi wa sita na wa saba, Tabora huwa na asubuhi za baridi ya kweli. Mji upo mita 1,200 hivi juu ya usawa wa bahari, anga haina wingu, joto la mchana linapaa lote usiku, na alfajiri maji ya kwenye simtanki yanauma mikono. Msimu huo ndio maduka ya vifaa vya umeme huulizwa sana: "Elementi ya kilowati tatu ipo?" Anayeuliza kwa kawaida ana hita ya lita 50 yenye elementi ya wati 1,500, amechoka kusubiri, na ameshaambiwa kwamba elementi kubwa inaingia palepale ilipotoka ndogo, kwa boliti zilezile.

Inaingia kweli, na maji yanapata moto upesi kweli. Kinachosahaulika ni kwamba elementi haitengenezi umeme, inauvuta. Ikivuta mara mbili, kila kitu kilicho kati yake na mita nacho kinabeba mara mbili: themostati, swichi ya bafuni, viungio vya darini, waya, breka, meni swichi. Vyote hivyo vilichaguliwa na fundi aliyekuwa akifikiria wati 1,500. Kubadilisha elementi peke yake ni kubadilisha kitu kimoja katika mnyororo wa vitu saba au nane, halafu kutumaini kwamba vingine vilikuwa na akiba.

Tuanze na kile unachokipata ukiongeza wati, maana wengi wanakikadiria vibaya.

Maji lita 50 yakitoka nyuzi 20 hadi nyuzi 60 yanahitaji nishati ya uniti 2.3 hivi. Hiyo haibadiliki, uwe na elementi ndogo au kubwa. Kinachobadilika ni muda. Elementi ya wati 1,500 itachukua saa moja na nusu, ya wati 2,000 saa moja na dakika 10, na ya wati 3,000 dakika 47 hivi. Kwa hiyo anayesema "hita kubwa inakula umeme" na anayesema "hita kubwa inaokoa umeme kwa sababu inamaliza haraka" wote wawili hawajafika. Kwa tangi moja la maji, uniti ni karibu zilezile. LUKU inaisha haraka pale ambapo maji ya moto, kwa kuwa sasa yanapatikana haraka, yanaogwa mara nyingi zaidi. Na hapa mteja wa nyumbani aliye kwenye kundi la matumizi madogo, lile lisilozidi uniti 75 kwa mwezi, aangalie vizuri: tangi moja kamili la lita 50 kila siku kwa siku 30 ni uniti 70. Zinabaki tano za taa, friji na pasi. Akivuka, bei ya uniti inapanda sana. Hilo halitokani na ukubwa wa elementi, ila ni vema lijulikane kabla ya kununua chochote.

Sasa, kabla ya kuongeza wati, inafaa kujua kwa nini hita iliyopo inachelewa. Mara nyingi siyo ndogo. Ina njaa.

Hita yenye njaa

Elementi ni waya wenye ukinzani, na wati zake zinategemea volti inazozipata. Si kwa uwiano wa moja kwa moja, bali kwa mraba. Elementi iliyoandikwa wati 1,500 kwa volti 230 ina ukinzani wa omu 35. Ukiipa volti 230, inatoa wati 1,500. Ukiipa volti 180, haitoi robo tatu ya hapo kama mtu angedhani. Inatoa wati 920 tu. Lile tangi la saa moja na nusu sasa linataka saa mbili na nusu. Mtu aliye mwisho wa laini ndefu, ambako jioni taa zinafifia na friji inaguna ikijaribu kuwaka, anailaumu hita wakati volti ndizo zilizopungua.

Akiweka elementi ya wati 3,000 hapo, mambo mawili yanatokea kwa pamoja. Atapata joto zaidi, ndiyo. Lakini pia, kwa kuwa anavuta mkondo mkubwa kwenye laini iliyokwisha choka, volti zinashuka tena, kwake na kwa jirani.

Kwa sababu hiyo kipimo cha kwanza kabisa, kinachofanywa na fundi mwenye leseni kwa sababu kinahusu kugusa mahali penye umeme, ni kupima volti sehemu mbili hita ikiwa inafanya kazi: kwenye meni swichi, kisha kwenye vituo vya waya vya hita yenyewe. Ikiwa volti ziko chini kwenye meni swichi tayari, tatizo liko nje ya nyumba, kwenye laini ya kuingia au kwenye transfoma ya mtaa, na wa kuambiwa ni TANESCO. Ikiwa meni swichi ina volti 215 na hita ina 200, basi volti 15 zimepotelea ndani ya nyumba yako, na hii ndiyo hali ya kuogopa.

Nieleze kwa nini, maana jambo hili ndilo linalochoma nyumba. Kwa volti 200, elementi ya omu 35 inavuta ampea 5.7. Volti 15 zilizopotea, mara ampea 5.7, ni wati 85. Wati hizo hazikupotea hewani. Zinatoa joto mahali fulani kati ya meni swichi na bafu, na kwa waya wa urefu wa kawaida wa nyumba, upotevu wa kiasi hicho hausababishwi na waya mzima. Unasababishwa na kiungio kimoja au viwili vibovu. Ni ile nyaya mbili zilizosokotwa kwa koleo na kuzungushiwa utepe mweusi juu ya dari, au skrubu ya swichi iliyolegea. Wati 85 zikikusanyika kwenye kiungio cha ukubwa wa kidole, juu ya mbao za dari, siku zote hita inapowaka.

Sasa weka elementi ya wati 3,000 bila kugusa kitu kingine. Ukinzani wake ni omu 17.6, mkondo unapanda hadi karibu ampea 10.6, na kwenye kiungio kilekile joto halipandi mara mbili. Linapanda kwa mraba wa mkondo: kutoka wati 85 hadi karibu wati 300. Na mwenye nyumba haoni kitu, kwa sababu maji yake sasa yana moto mzuri.

Nikisikia mtu anasema alibadilisha elementi na "hakuna shida yoyote," swali langu ni moja: nani alipanda darini kuangalia?

Chanzo kingine cha kuchelewa ni ukoko. Maji yenye madini yakipata moto huacha tabaka jeupe gumu juu ya elementi, na tabaka hilo linazuia joto kutoka. Elementi yenyewe inazidi kupata moto ndani ya ganda lake hadi inapasuka. Hapa mahali unapoishi pana maana. Tabora mjini siku hizi inapata maji ya Ziwa Victoria, ambayo yana madini machache. Lakini nyumba nyingi bado zina kisima, na maji ya kisima yanatofautiana kiwanja na kiwanja. Mwenye kuona birika lake limeota ukoko mweupe ajue hita nayo imeota. Kigoma ni hadithi nyingine: maji ya Ziwa Tanganyika yana madini mengi zaidi kuliko ya Victoria, na hita huko inafaa ifunguliwe na kusafishwa mapema zaidi. Elementi iliyosafishwa vizuri inaweza kukuondolea kabisa hamu ya kununua kubwa.

Halafu kuna themostati iliyoshushwa chini na mtu akasahau, na kuna hita zenye elementi mbili ambapo moja imeungua na nyingine inafanya kazi peke yake. Hilo la pili linapimwa kwa dakika moja umeme ukiwa umezimwa: multimita kwenye omu, elementi ya wati 1,500 isome 35 hivi, ya wati 2,000 isome 26, ya wati 3,000 isome 17 au 18. Isiyosoma kitu imekatika.

Waya, na dari ya Tabora mwezi wa kumi

Tuseme umepima yote na bado unataka wati 3,000. Ni haki yako, na inawezekana kwa usalama. Mkondo wake ni ampea 13 kwa volti 230. Swali ni waya.

Nyumba nyingi zimefungwa waya wa 1.5 (yaani milimita za mraba za shaba) kwa taa na wa 2.5 kwa soketi. Hita ya wati 1,500, yenye ampea 6.5, wakati mwingine imeunganishwa kwenye waya wa 1.5 au hata imechomekwa kwenye soketi, na imefanya kazi miaka bila kulalamika. Waya wa 1.5 kwa ampea 13 za mfululizo siyo kitu cha kujaribu. Waya wa 2.5 ndio unaoleta mjadala, kwa sababu majedwali yanasema ukiwa ndani ya bomba unabeba ampea 20 hadi 24 kutegemea ulivyolazwa, na 13 ni ndogo kuliko 20, basi yameisha.

Hayajaisha. Majedwali hayo yanachukulia kwamba hewa inayozunguka waya ina nyuzi 30. Mabati ya Tabora mwezi wa kumi, jua likiwa utosini na mvua haijaanza, hayafanyi dari iwe na nyuzi 30. Juu ya dari isiyo na matundu ya hewa, nyuzi 50 siyo jambo la ajabu. Gamba la plastiki la waya wa kawaida limetengenezwa kuvumilia nyuzi 70 za shaba iliyo ndani yake. Hewa ikiwa tayari ina 50, waya umebakiwa na nyuzi 20 tu za kuongeza badala ya 40, na uwezo wake unashuka hadi asilimia 71. Ampea 20 hadi 24 zinakuwa 14 hadi 17. Hita yako inataka 13, na breka iliyowekwa ni ya 20. Maana yake waya unaweza kuzidiwa na breka isijue.

Kwa hiyo kwa mji kama wetu, msimamo wangu ni huu: hita ya wati 3,000 inayopitishiwa umeme darini iwekewe waya wa 4, moja kwa moja kutoka kwenye boksi la breka, bila kuchangia na soketi wala taa, na breka yake ya ampea 20. Waya wa 2.5 ninaukubali pale tu unapopita ndani ya ukuta, njia fupi, na breka ikiwa ya 16. Tofauti ya bei kati ya 2.5 na 4 kwa mita 15 ni ndogo ukilinganisha na bei ya mbao za paa.

Waya wenyewe ununuliwe kwa macho. Kuna waya sokoni ulioandikwa 2.5 ambao shaba yake haifiki, na kuna ule ambao si shaba bali ni alumini iliyopakwa shaba juu. Waya wa 2.5 wa uzi mmoja una kipenyo cha milimita 1.8 hivi, wa 4 mara nyingi huwa na nyuzi saba, kila mmoja ukiwa na milimita 0.85. Menya ncha, kwangua uzi mmoja kwa wembe. Ukiona weupe chini ya wekundu, urudishe dukani. Alumini ya unene huo inabeba mkondo mdogo kuliko shaba, inavunjika kwenye skrubu, na inalegea kadiri inavyopata moto na kupoa.

Hapa ndipo niseme juu ya tabia moja ambayo naomba iachwe. Hita mpya imewekwa, breka inakata baada ya nusu saa, mteja anapiga simu, fundi anarudi na breka ya 32. Haikati tena, kila mtu amefurahi. Breka ile haipo kwa ajili ya hita. Ipo kulinda waya. Ilipokata ilikuwa inafanya kazi iliyowekewa. Na hata breka sahihi ina uvumilivu: kwa kiwango cha kimataifa, breka ya nyumbani inaruhusiwa kubeba asilimia 13 zaidi ya namba yake kwa saa nzima bila kukata, na inalazimika kukata ndani ya saa moja mkondo ukifika asilimia 45 zaidi. Breka ya 20 basi inaweza kuachia zaidi ya ampea 22 kwa saa nzima. Ya 32 inaachia 36. Waya wa 2.5 kwenye dari ya moto hauna majibu kwa namba hizo.

Na plagi? Soketi ya pini tatu na plagi yake ni za ampea 13, ndiyo kusema hita ya wati 3,000 inazitumia zote bila kubakisha hata moja, kwa dakika 47 mfululizo, kila siku. Plagi inapata moto, chemchemi za ndani ya soketi zinalegea, mguso unakuwa mbaya, joto linaongezeka. Angalia plagi ya hita iliyotumika hivyo mwaka mmoja: utaona rangi ya kahawia kuzunguka pini moja, kwa kawaida ya fezi (waya unaoleta umeme), pale fyuzi ilipo. Hita ya namna hii haichomekwi. Inaunganishwa moja kwa moja kupitia swichi ya ampea 20 inayokata fezi na nyutro (waya unaourudisha) kwa pamoja, yenye taa nyekundu, iliyowekwa nje ya bafu au mbali na mkono wa anayeoga.

Ndani ya hita yenyewe

Kila hita ina bamba dogo la taarifa, mara nyingi chini au ubavuni: volti, wati, lita, shinikizo. Kama kwenye bamba wati ni 1,500 tu, bila chaguo lingine, basi nyaya za ndani, themostati na kile kikata-joto cha dharura vilichaguliwa kwa hesabu hiyo. Soma themostati: imeandikwa ampea inazoweza kukata. Ya ampea 16 au 20 inatosha kwa wati 3,000. Ya 10 haitoshi, na hatari yake ni ya aina mbaya. Visahani vyake vya ndani vinagandana kwa cheche, na themostati iliyogandana haizimi. Maji yanaendelea kupanda moto kupita nyuzi 60, kupita 80. Hapo kinabaki kikata-joto, na kikata-joto nacho kikiwa kimerukwa na fundi kwa sababu "kilikuwa kinasumbua", inabaki valvu ya usalama peke yake.

Valvu hiyo, ile ndogo ya shaba iliyo kwenye bomba la maji baridi, hudondosha matone hita inapowaka, na kwa sababu ya matone hayo watu wanaifunga kwa plagi ya bomba. Maji yanapopata moto yanavimba, na lazima yapate pa kwenda. Tangi lililofungwa lenye maji yaliyopita nyuzi 100 linabomoa ukuta likipasuka. Elementi ya wati mara mbili inakufikisha huko kwa nusu ya muda. Valvu iachwe idondoshe, iwekewe kibomba cha kupeleka matone nje, na kila baada ya miezi michache inyanyuliwe kile kiwiko chake kuona kama maji yanatoka.

Elementi nazo hazilingani. Ukiwekewa ya wati 3,000 yenye urefu uleule wa ile ya 1,500, uso wake unabeba joto maradufu kwa kila sentimita. Inakusanya ukoko haraka, kama sufuria ya uji iliyowekwa kwenye moto mkali bila mwiko, na inakufa mapema. Tafuta iliyokunjwa zaidi au ndefu zaidi, mradi isiguse ukuta wa tangi wala mrija wa themostati. Kwa maji ya kisima au ya Ziwa Tanganyika, usinunue ile ya shaba tupu ya bei nafuu. Ile fimbo ya magnesiamu inayokaa karibu na elementi, inayoliwa na kutu badala ya tangi, ikaguliwe wakati huohuo, kwa kuwa hita imeshafunguliwa. Gaskiti iwe mpya. Na nyaya za ndani ya kifuniko zibaki zile za gamba linalostahimili joto. Waya wa kawaida wa nyumba humo ndani unakakamaa na kupasuka.

Kwa tangi la lita 30 lenye bamba la wati 1,500, mimi nisingepita 2,000. Anayehitaji zaidi ya hapo ananunua hita nyingine iliyotengenezwa kwa wati hizo.

Na siku ya kwanza, tangi lijae maji kabla swichi haijawashwa. Fungua koki ya moto hadi maji yatoke bila kukohoa hewa. Elementi ya wati 3,000 ikiwashwa kavu haidumu hata muda wa kuchemsha chai.

Erthi kwenye mchanga mkavu

Hili lingepaswa kusimama hata kama huongezi wati yoyote, ila kwa kuwa fundi ameshafika na vifaa vyake, ndiyo nafasi ya kulimaliza.

Elementi ikipasuka, fezi inakutana na maji na bati la tangi. Watu wanaamini waya wa erthi utaifanya breka ikate. Ufanye hesabu. Nyumba zetu nyingi zinategemea fimbo ya erthi iliyochimbiwa nje ya ukuta. Udongo wa Tabora sehemu nyingi ni wa kichanga, na kiangazi unakauka kabisa kuanzia mwezi wa sita hadi mvua za mwezi wa kumi na moja. Kwenye udongo mkavu wa namna hiyo, fimbo fupi kuwa na ukinzani wa omu 50 au zaidi si jambo la kushangaza. Volti 230 kugawa kwa 50 ni ampea 4.6. Breka ya ampea 20 haioni chochote cha kuishtua. Haikati, na bati la hita, mabomba ya chuma na koki zinabaki na umeme hadi mtu mwenye miguu iliyolowa azishike.

Kinachookoa hapo ni kile mafundi wanachokiita RCD, cha miliampea 30. Chenyewe hakipimi ukubwa wa mkondo. Kinalinganisha unaokwenda na unaorudi, na zikipotea hata sehemu tatu za mia za ampea kwa kupitia njia nyingine, kinakata kwa muda mfupi kuliko pigo la moyo. Nyumba yenye hita ya umeme na isiyo nacho, pesa ya elementi iende huko kwanza. Nasema hivi bila kusita: maji yakichelewa nusu saa hayaui mtu.

RCD haiondoi haja ya erthi. Fimbo ipimwe kwa kifaa chake mwezi wa tisa au wa kumi, ardhi ikiwa imekauka, maana kipimo cha mwezi wa pili, baada ya mvua, kinadanganya. Ikisomeka vibaya, iongezwe fimbo ya pili umbali wa mita mbili au tatu na ziunganishwe, au ichimbiwe mahali penye unyevu wa kudumu, karibu na maji ya bafu yanakomwagika. Kitufe cha kujaribia kilichopo kwenye RCD kibonyezwe kila mwezi. Kinaonyesha tu kwamba RCD yenyewe ni nzima, hakisemi lolote kuhusu fimbo.

Nyumba ya wageni ni hesabu tofauti

Tabora ni mji wa makutano ya reli: ya kati kutoka Dar es Salaam inagawanyika hapa, moja ikielekea Kigoma na nyingine Mwanza. Wageni wanashuka saa za ajabu na wote wanataka kuoga kwa wakati mmoja. Chukua nyumba ya wageni yenye vyumba sita, kila kimoja na hita ya wati 1,500. Zikiwaka zote ni ampea 39. Mita nyingi za fezi moja zina kikomo cha ampea 60, na meni swichi hivyohivyo. Kuna nafasi ya taa, friji na pasi. Mwenye nyumba akibadilisha zote ziwe za wati 3,000, sita mara 13 ni ampea 78. Hakuna waya wa darini utakaorekebisha hilo. Meni swichi inakata, au mbaya zaidi, haikati na kituo chake kinayeyuka.

Huyo ana njia tatu za maana. Ya kwanza ni kuomba TANESCO fezi tatu na kugawa hita mbilimbili kila fezi, ampea 26 kila moja. Ya pili, ya bei ndogo, ni kubaki na elementi za wati 1,500 na kuziwekea saa za kujiwasha kuanzia saa tisa usiku kwa zamu, tatu kisha tatu, ili saa kumi na mbili matangi yote yawe yamekwisha pata moto. Tangi zuri lenye sponji nene halipozi sana kwa saa mbili tatu. Ya tatu ni hita ya jua juu ya paa, elementi ikibaki kwa ajili ya siku za mawingu, na kwa jua la Tabora sioni kwa nini haionekani zaidi.

Kuhusu zile shawa za kupasha maji papo hapo, zinazoandikwa wati 5,500: hizo ni ampea 24 kwa shawa moja. Zinataka waya wa 6 na breka ya 32, na volti nzuri. Kwenye laini ya volti 180 zinatoa maji vuguvugu tu, na hakuna tangi la kukusubiri.

Siku ya kazi, na wiki baada yake

Fundi awe na leseni ya EWURA, mamlaka ya udhibiti wa nishati na maji, na asione haya kuulizwa. Aliyemaliza chuo cha ufundi cha VETA vizuri atapima kabla hujamwambia: kuzima meni swichi, kuthibitisha kwa tesa kwamba hakuna umeme kwenye vituo vya hita, fezi na nyutro zote, kisha kuifungua. Thibitisho hilo lina maana kwa sababu nyumba za zamani zina swichi zilizokata nyutro badala ya fezi, na hita iliyo "zimwa" namna hiyo bado inauma. Rangi nazo zichunguzwe: nyekundu na nyeusi za zamani, kahawia na bluu za sasa, mara nyingi zikiwa zimechanganywa kwenye nyumba moja.

Kazi ikiisha, hita iwashwe tangi likiwa baridi, iachwe dakika 40. Fundi apime tena volti kwenye meni swichi na kwenye hita. Tofauti ya volti mbili tatu ni ya kawaida, kumi si ya kawaida, na asiondoke. Kisha azime, na mara moja aguse gamba la breka, uso wa swichi na kifuniko cha kiungio. Vuguvugu ni sawa. Pakiwa na joto la kukufanya uondoe kidole, pafunguliwe hapohapo.

Baada ya wiki moja ya matumizi arudi kukaza skrubu zote za njia ile, umeme ukiwa umezimwa. Shaba inayopata moto na kupoa kila siku hujipanga upya chini ya skrubu, na ile robo ya mzunguko inayopatikana siku hiyo ndiyo volti chache ambazo zingeanza kupotea. Malipo ya mwisho ya kazi yabaki hadi siku hiyo, na fundi aambiwe hivyo mapema, wakati wa kupatana bei.